Riwaya za Shetland: zisome kwa majira, tamthilia baadaye

Ukitaka kuanza riwaya za upelelezi za Ann Cleeves kuhusu Jimmy Perez, mpelelezi wa polisi katika visiwa vya Shetland, Scotland, soma vitabu vinne vya kwanza kwa mpangilio huu kabla hujagusa tamthilia yake ya televisheni, Shetland: Raven Black (2006), White Nights (2008), Red Bones (2009), Blue Lightning (2010). Kila kimoja kina majira yake: kipupwe, kiangazi, masika ya kule kaskazini, kisha vuli. Andika majira hayo kwenye kipande cha karatasi cha kuwekea alama, maana ushahidi unakwenda na mwanga. Lerwick, mji mkuu wa visiwa hivyo, iko nyuzi 60 kaskazini: Desemba jua halikai angani hata kwa muda wa saa sita, Juni linakaa karibu saa 19. Shahidi akisema "nilimwona jioni", uzito wa kauli hiyo hutegemea mwezi. Katika Raven Black ni Januari, mwili uko juu ya theluji, kunguru wanazunguka. Katika White Nights usiku wenyewe haufiki giza. Kwenye Blue Lightning ongeza hali ya hewa: dhoruba imefunga kisiwa cha Fair Isle, hakuna boti wala ndege, kwa hiyo muuaji yumo humohumo.

Kuanzia Dead Water (2013) mbinu hii haikufai sana. Hapo unaanza mkondo wa pili wenye maji, hewa, ardhi na moto katika majina. Fuata miaka tu. Tamthilia ilianza na Red Bones, na maisha ya Perez mle yanakufichulia kitabu cha nne. Hilo linauma kweli, kwa sababu mwisho wake ndio wenye nguvu kuliko yote.