Wamekunyima kibali cha ruti ya basi? Anza hapa
Ukinyimwa kibali au kikafutwa ghafla usikimbilie kugombana pale dirishani, kwanza omba sababu kwa maandishi, maana barua ya mstari mmoja "ombi lako limekataliwa" haikupi pa kushika. Uliza pia walitegemea nini, malalamiko ya abiria au ripoti ya mkaguzi? Hiyo ripoti ulipaswa uione na uijibu kabla hawajaamua, ndo haki yenyewe ya kusikilizwa na wengi wetu tunanyimwa hapo hapo. Aliyeamua ana basi lake ruti hiyohiyo? Weka pingamizi mapema kwamba ana maslahi yake hapo. Kila barua igongwe muhuri wa kupokelewa, kopi ubaki nayo, na tarehe ya mwisho ya rufaa iangalie leoleo.