Somo: Kumtunga mrindimi, kiumbe wa fuwele anayekula mtetemo

Wakuu, wengi mmeniomba nieleze nilivyomjenga mrindimi, yule kiumbe wa hadithi zangu. Kiumbe ni wa kutunga. Mwamba ninamomweka na kanuni zinazombana ni vya kweli, na humo ndimo hadithi inamopata nguvu.

Hatua ya 1: Anza na njaa, sura baadaye

Wengi huanza kwa kuchora jiwe linalong'aa lenye macho ya buluu. Weka kalamu chini kwanza. Jiulize anakula nini, na chakula hicho ni haba kiasi gani.

Mwaka 1880 ndugu wawili wa Ufaransa, Pierre na Jacques Curie, walionyesha kwamba baadhi ya fuwele zikibanwa hutoa umeme. Kiberiti cha gesi cha kubofya hutumia kanuni hiyohiyo: kijiwe cha ndani kinagongwa, cheche inaruka. Lakini kwatzi, fuwele ya kawaida inayopatikana kwenye miamba, ni bahili mno. Ikandamize kwa uzito wa kilo moja, utapata chaji ya takriban sehemu 23 tu za trilioni za kulombi moja, yaani kipimo kimoja cha chaji ya umeme. Kwa hiyo mrindimi ni maskini. Hakimbii, hapigani, hawaki usiku ili kumpendeza msomaji. Ukimwandika anafanya lolote kati ya hayo, onyesha amelipia nini.

Hatua ya 2: Mpe makazi

Wangu wanaishi Geita, kwenye mishipa ya kwatzi inayobeba dhahabu, ndani ya nyufa zenye unyevu. Mwili wao ni kwatzi hiyohiyo, ndiyo maana mchimbaji anaweza kupita na taa yake asiwaone.

Hatua ya 3: Umbo lifuate sauti

Hapa ndipo wengi huteleza, kwa hiyo tuende taratibu. Ukisukuma bembea kwa wakati wake, msukumo mdogo huipandisha juu. Ukikosea wakati, unajichosha bure. Fuwele nayo ina wakati wake. Sauti ndani ya kwatzi husafiri karibu mita 6,000 kwa sekunde, kwa hiyo fuwele nene ya kurefuka na kufupika kwa mitetemo 10 kwa sekunde ingehitaji urefu wa mita 300 hivi! Kiumbe wa ukubwa wa ngumi, aliye duara kama yai, hawezi kuitikia ngurumo nzito ya ardhi. Atakufa njaa katikati ya karamu.

Suluhisho liko kwenye saa ya mkononi. Ndani ya saa nyingi za betri mna kipande cha kwatzi chenye urefu wa milimita chache, kimekatwa kama uma wenye meno mawili, kinachotetema mara 32,768 kwa sekunde. Kitu chembamba kinachopinda huitikia mitetemo ya chini kuliko kitu kinene cha urefu uleule. Kwa hiyo mrindimi ana mikono, mirefu na miembamba, kila jozi na urefu wake, kama vile marimba ina vibao virefu na vifupi. Mikono mirefu hunasa mitetemo mizito, mifupi hunasa mikali. Sikuichagua ili apendeze. Njaa ndiyo iliyomchonga.

Hatua ya 4: Tafuta jambo linalomlisha na kumuua

Kwa mrindimi, jambo hilo ni karasha, mashine ya kusaga mawe ya dhahabu. Vyuma vinapogonga mwamba kutwa nzima, mtetemo unaosambaa ardhini ni shibe ambayo babu zake hawakuijua. Kwa hiyo koo zote zinajongea taratibu kuelekea kwenye mngurumo. Na karasha inasaga nini? Inasaga kwatzi ili dhahabu itoke. Anayefika karibu kabisa ndiye anayepakiwa kwenye kiroba pamoja na mawe mengine.

Msiishie hapo. Vumbi la kwatzi linalotoka humo likivutwa miaka mingi hutia makovu kwenye mapafu ya binadamu, na makovu hayo hayaponi. Kijana anayelisha karasha bila barakoa na mrindimi anayeisogelea wanakula mahali pamoja, na panawaua wote wawili. Nilipoliona hilo ndipo nilipojua nina hadithi mkononi.

Hatua ya 5: Ukuaji

Kwa kifupi: kwatzi hukua kutokana na silika, yaani madini yanayoiunda, iliyoyeyuka majini. Viwandani huhitaji joto kali, shinikizo kubwa na wiki kadhaa. Kwenye ufa wa baridi, mpe karne nyingi kwa urefu wa kidole.

Maswali ya wanachama

*Mkuu, naomba kuuliza. Mimi ni wa Mererani. Wangu naweza kuwatengeneza kwa tanzanaiti?*

Kwa uzuri, ndiyo. Kwa kula mtetemo, hapana. Atomu za tanzanaiti zimepangwa kwa ulinganifu ambao hufanya chaji za pande mbili zifutane unapoibana. Tsavoraiti, kile kito cha kijani, nayo ni hivyohivyo. Tumia tomalini, kito kingine: inatoa umeme ikibanwa, na hata ikipashwa joto.

*Na Ol Doinyo Lengai? Mlima unatetemeka wenyewe.*

Chakula kipo, mwili ndio utakosekana. Lava ya Lengai ni ya kabonati, haina silika ya kutosha kutengeneza kwatzi. Waweke kwenye miamba ya zamani iliyo mbali kidogo, waupokee mlima kwa mbali.

*Wanazungumzaje?*

Kanuni ya akina Curie hugeuka pia: ukiipa kwatzi umeme, inatetema. Ndugu hao walilithibitisha hilo mwaka 1881. Kwa hiyo mrindimi akitaka kusema, anatumia umeme aliouchuma na kuurudisha kuwa mtetemo. Neno moja ni mlo mmoja. Ndiyo maana mazungumzo yao kwangu ni mafupi sana, na anayeitwa kwa jina anajua kuna aliyejinyima.

*Karasha ikizimwa, kwa mfano mafuta yameisha, inakuwaje kwao?*

Usiku wa kwanza wanasubiri. Wa pili, wale wa pembezoni wanakunja mikono mirefu, wanabakiza mifupi. Wa tatu, mmoja anatumia akiba yake yote kuugonga mwamba, ili watoto walio karibu naye wapate chochote. Sura hiyo bado naiandika.