Jinsi ya Kupanda Ol Donyo Sabuk kwa Basi la Watalii Kutoka Nairobi

Mkaazi wa Nairobi anayetaka kusimama kileleni mwa mlima bila kuupanda kwa miguu hana milima mingi ya kuchagua. Ngong' iko karibu, lakini utamu wake ni kuitembea kilima kwa kilima. Longonot haina barabara ya kumfikisha mtu ukingoni mwa kreta. Mlima Kenya si safari ya siku moja. Unaobaki ni Ol Donyo Sabuk, wenye urefu wa mita 2,145, ulioko upande wa pili wa Thika ukitoka katikati ya jiji. Mlima huu una barabara inayotoka langoni mwa hifadhi ya taifa iliyo mlimani humo hadi kileleni, mwendo wa takriban kilomita 9, na ndiyo maana waandalizi wa safari za vikundi huupenda. Wenyeji wengi huuita Kilimambogo, kwa hiyo usishangae dereva akitumia jina hilo ilhali tangazo la safari yako limeandikwa jingine.

Kabla ya kulipa hata shilingi, muulize mwandalizi swali moja na usimwache mpaka akujibu kwa maneno yasiyo na utata: gari litanifikisha wapi? Barabara ya kupanda mlima ni ya udongo, nyembamba, yenye mwinuko mkali na kona zinazojikunja ndani ya msitu, na inafaa gari linalovuta kwa magurudumu yote manne. Basi kubwa la abiria hamsini na zaidi si la kupelekwa huko. Hivyo, tangazo linalosema "kupanda mlima kwa basi" huweza kumaanisha kwamba basi litawashusha langoni ili mtembee hadi juu, au kwamba mtahamishiwa magari madogo yaliyokodiwa, au kwamba mtaondoka Nairobi tangu mwanzo kwa magari yanayoweza kupanda. Zote tatu ni safari halali, ila si safari moja: ya kwanza inamtaka mtu mwenye magoti mazima na saa tatu au nne za kupanda tu, na haimfai nyanya yako wala mtoto wa miaka minne. Mimi ningechagua ya pili, kwa sababu basi hupunguza gharama kwenye lami, ambako ndiko sehemu kubwa ya mwendo, na gari dogo hufanya kazi mahali linapohitajika.

Ukisharidhika na jibu hilo, tazama karatasi. Kampuni ya kutembeza watalii inapaswa kuwa na leseni ya Mamlaka ya Udhibiti wa Utalii, TRA, na hakuna ubaya wowote kumwomba mwandalizi akutumie picha yake. Mwongoza watalii aliyefanya mitihani ya chama cha waongozaji wa safari nchini, KPSGA, huwa na daraja la shaba, la fedha au la dhahabu. Kwa mlima huu shaba inatosha kabisa, mradi awe ameshaufika mara nyingi. Kuhusu gari, sheria inataka mkanda wa usalama kwenye kila kiti, na gari la abiria lisizidi kilomita 80 kwa saa. Ukipanda asubuhi ukakuta mkanda wako hauna kifungo, badilisha kiti kabla gari halijajaa.

Malipo yafanyike kwa M-Pesa kupitia nambari ya biashara inayoonyesha jina la kampuni, wala si kwa nambari ya simu ya mtu binafsi. Hakikisha umeandikiwa, hata kama ni kwa ujumbe wa WhatsApp, ni nini kilichomo ndani ya bei: usafiri, ada ya hifadhi, mwongozaji, askari wa wanyamapori, chakula cha mchana na ada ya maporomoko ya maji ya Fourteen Falls yaliyo karibu na mlima, ikiwa mtayapitia. Ada ya hifadhi ndiyo inayoleta ugomvi mara nyingi, kwa kuwa raia na mgeni wa kutoka nje hutozwa viwango tofauti. Mwandalizi akiweka bei moja kwa wote bila kukuuliza uraia wako, jua kwamba kuna mtu atakayeombwa nyongeza akiwa langoni.

Jambo la kuchagua kwa makini zaidi ni tarehe. Januari na Februari huwa na anga safi, na asubuhi ya miezi hiyo mtu aliye kileleni huweza kuuona Mlima Kenya upande wa kaskazini na, bahati ikiwa yake, Kilimanjaro mbali upande wa kusini. Kuanzia Juni hadi Agosti ubaridi wa Nairobi huja na wingu zito ambalo hukaa juu ya mlima hadi karibu na adhuhuri, na aliyelipia mandhari hurudi na picha za ukungu. Mvua za masika za Machi hadi Mei, na zile za vuli kuanzia Oktoba hadi Desemba, huigeuza barabara ya mlimani kuwa utelezi. Hapo muulize mwandalizi mapema ikiwa atarudisha pesa au ataahirisha safari endapo magari yatazuiwa kupanda. Vilevile, kama unaweza kupata ruhusa kazini, nenda siku ya katikati ya juma. Jumamosi vikundi huwa vingi na kila mtu anataka kupigwa picha mahali pale pale.

Mzigo usiwe mkubwa. Beba kitambulisho chako halisi, kwa kuwa bila hicho huwezi kudai kiwango cha raia, na cheti cha kuzaliwa cha mtoto. Beba sweta au jaketi, maana juu kuna upepo hata Thika ikiwa inachoma, na viatu vyenye soli inayoshika. Maji yawe kwenye chupa ya kutumiwa tena na tena: tangu tarehe 5 Juni 2020 plastiki za kutumika mara moja, zikiwemo chupa za maji za dukani, vikombe, sahani na mirija, haziruhusiwi katika hifadhi za taifa. Chapati, mayai ya kuchemsha, ndizi na chai kwenye themosi vinatosha hata kama mmeahidiwa chakula cha mchana, kwani "mchana" wa safari za vikundi aghalabu huwa ni saa tisa. Anayesumbuliwa na kichefuchefu garini amwambie mwandalizi mapema apewe kiti cha mbele, asingoje kona za mlimani zimtangaze.

Magari mengi huondoka katikati ya jiji kati ya saa kumi na mbili na saa kumi na mbili na nusu asubuhi, kisha huokota abiria wengine kwenye Barabara Kuu ya Thika. Ikiwa unakaa Kasarani au Ruiru, omba kupandia huko, lakini uwe umesimama kituoni dakika kumi kabla, kwa kuwa dereva hana ruhusa ya kusimama nje ya vituo kwenye barabara ile na hatamngoja mtu anayetafuta pahali pa kuvukia. Baada ya Thika mnashika barabara ya Garissa, mkipita mashamba ya mananasi yanayoenea hadi macho yachoke, na mlima hujitokeza mbele ukiwa peke yake katikati ya tambarare. Kisha mnaiacha barabara kuu kwa kukata kulia, mnavuka Mto Athi na kuingia kijiji cha Donyo, ambako kuna maduka na fursa ya mwisho ya kununua ulichosahau. Lango liko karibu na hapo.

Langoni ndipo muda hupotea. Shirika la Huduma kwa Wanyamapori, KWS, halipokei pesa taslimu; malipo hufanywa kupitia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali. Kikundi ambacho mwandalizi wake amelipa usiku uliotangulia hupita baada ya kuhesabiwa na kuonyesha vitambulisho. Kikundi ambacho kila mtu anajilipia hapo hapo hutazama simu, nenosiri limesahaulika, mtandao unasuasua, na jua linapanda. Kwa hiyo sisitiza malipo yafanywe mapema, kisha utumie nafasi hiyo kwenda chooni. Hifadhi hufunguliwa saa kumi na mbili asubuhi na kufungwa saa kumi na mbili jioni, na mnaotaka kutembea kipande chochote cha njia ni lazima mkodi askari mwenye bunduki. Hilo si pambo la kumpendeza mtalii. Nyati ni wengi katika msitu ule, na nyati aliye peke yake hulala kichakani hatua chache kutoka barabarani bila kuonekana hata sikio.

Gari likianza kupanda, vioo vya upande wa matawi vifungwe nusu, kwa kuwa msitu huifunika barabara na matawi hupiga mlangoni. Mwombe mwongozaji apunguze maneno kwenye kipande hiki na dereva apunguze mwendo, maana hapa ndipo mbega na kima huonekana juu ya miti, na pongo akivuka njia. Atakayeshuka ashuke pale mwongozaji na askari wanaporuhusu tu. Nyani wa huko wameshawazoea watu, na mfuko wa ndizi uliowekwa kwenye kiti karibu na dirisha wazi hauna maisha marefu.

Karibu na kilomita ya saba kutoka langoni kuna uwanda mdogo wenye makaburi ya Sir William Northrup McMillan, Mmarekani wa kuzaliwa aliyelowea Kenya, na mkewe Lucie. Msaidizi wao Louise Decker amezikwa hapo pia. McMillan alifariki mwaka 1925. Ndiye aliyemkaribisha Theodore Roosevelt, rais wa zamani wa Marekani, kwenye shamba lake la Juja mwaka 1909, na maktaba yenye jina lake, iliyofunguliwa mwaka 1931, bado iko katikati ya Nairobi. Waongozaji husimulia kwamba alitakiwa kuzikwa kileleni, ila mwili wake ulikuwa mkubwa na mtambo uliokuwa ukiuvuta ukashindwa na mwinuko, wakamzika hapo. Sikiliza simulizi hiyo ukiwa umesimama, kisha geuka utazame chini, kwani tambarare inayoonekana kutoka makaburini, pamoja na Mto Athi ukijipinda katikati yake, huwa wazi hata siku ambazo kilele kimefunikwa. Mwongozaji mzuri atawapa robo saa mahali hapa. Asiye mzuri atawaambia mpige picha mpande gari.

Kileleni kuna minara ya mawasiliano na eneo la wazi la kupumzikia. Wanaotarajia jiwe tupu lenye upepo watashangaa kuona majani mabichi na uzio wa mitambo, na ni bora kulijua hilo mapema. Zunguka pande zote ukiwa na kikundi, kwa kuwa hakuna mahali pamoja panapoonyesha kila kitu: upande mmoja ni Thika na safu ya Aberdare, mwingine ni majengo ya Nairobi na vilima vya Ngong' nyuma yake, mwingine ni nchi kavu ya Ukambani. Saa moja inatosha. Takataka zote zirudi garini.

Kuteremka kunahitaji umakini kuliko kupanda. Dereva anayejua kazi yake huteremka kwa gia ndogo na kugusa breki kidogo kidogo. Ukisikia harufu ya kuungua na gari halijasimama hata mara moja, mwambie mwongozaji amsimamishe dereva ili breki zipoe. Hilo si kumkosea heshima dereva.

Vikundi vingi humalizia Fourteen Falls, maporomoko ya Mto Athi yaliyo karibu na kijiji cha Donyo, ambayo yana ada yake mbali na ile ya hifadhi. Ni mazuri kwa kutazama na kwa kupanda mashua, mradi uvae jaketi la kuokolea, lakini usiogelee wala usimruhusu mtoto achezee maji, kwa kuwa mto huo hubeba taka za Nairobi. Vijana wa hapo hujitosa kutoka juu ya maporomoko kwa malipo. Ukitaka kutazama, patana nao bei kabla hawajaruka. Mtangulize mlima daima na maporomoko yafuate, kwa maana maji hayafunikwi na wingu.

Ondokeni huko kabla ya saa kumi jioni, hasa Jumapili, kwa sababu magari yanayorudi kutoka Murang'a na Nyeri hukutana nanyi Thika na msongamano huanza kabla ya Ruiru. Bakshishi ya mwongozaji na ya dereva, ukiwa nayo, itoe kabla ya kituo cha kwanza cha kushukia, wakati wote wawili bado hawajaanza kuhesabu watu na mizigo.