SOMO: Kujenga chuo cha uchawi wa vivuli kwenye hadithi yako (someni kabla ya kuuliza)

Wiki hii pekee nimeulizwa mara tano: "Mkuu, ule uchawi wa vivuli uliutengenezaje?" Naandika mara moja, hapa, yaishe.

Kwa mgeni: hadithi yangu iko nchi ya kubuni. Kuna chuo cha siri, Utusitusi, ndani ya pango la matumbawe. Mwanafunzi anaweka kivuli chake rehani, anapewa uchawi.

Hatua ya 1. Amua kivuli ni nini. Kwangu ni nusu ya roho.

Hatua ya 2. Amua kinafanya nini. Mambo matatu yanatosha: wangu wanajificha, wanasikiliza kupitia kivuli cha mtu mwingine, wananyonga. Hawapai angani.

Hatua ya 3. Majina. Acheni Kilatini cha kuokoteza wakati mna kilinge, mkoba na mwiko. Wakuu wa Utusitusi ni wanga, na hapo lugha ilinipa zawadi: mwanga wa mianga ni nuru, mwanga wa wanga ni mchawi wa usiku. Mtoto anaingia mbio, "Mama, nimeona mwanga nje!" Mama hajui ashukuru au apige komeo. Sura yangu ya kwanza yote ni hiyo.

Hatua ya 4. Bei. Hapa ndipo nilipoumbuka, kwa hiyo vumilieni maneno mengi.

Sheria yangu: kila uchawi unakula wanda moja (upana wa kidole) ya kivuli, na asiye na kivuli hana uchawi. Nikaandika pambano kubwa: Juni, saa sita mchana, mwalimu mkuu anasimama uwanjani hana kivuli, anauawa. Nchi yangu nilishasema iko kusini kidogo mwa ikweta, sawasawa na Dar. Sehemu 14 zilishapanda. Msomaji mmoja, mwadhini, akaniandikia kwa upole: "Mwanangu, Juni adhuhuri kivuli kipo. Sisi alasiri tunangoja kivuli cha kitu kilingane na kitu chenyewe, na kile cha adhuhuri tunakiongeza juu yake. Wewe umekipeleka wapi?"

Nikachomeka fimbo ya mita moja uani. Juni, jua likiwa juu kabisa, kivuli chake kilikuwa sentimita 58, kimelala kusini. Yaani mwalimu wangu wa sentimita 170 alikuwa na karibu mita nzima ya uchawi miguuni, na mimi nimemuua kama kuku. Nilizifumua sehemu sita.

ONYO: jua la utosi kwa Dar ni mara mbili tu kwa mwaka, mwanzoni mwa Machi na karibu na tarehe 10 Oktoba. Siku nyingine zote kivuli kipo, hata kama kifupi.

ONYO la pili: saa sita ya ukutani si saa sita ya jua. Dar, mwanzoni mwa Machi, jua linafika utosini kama saa sita na dakika 35. Muuaji wako akiwahi, amekufa yeye.

ONYO la tatu: kivuli kinageuka upande. Juni kinalala kusini, Desemba kaskazini. Ukihamisha nchi yako, piga hesabu upya.

Hatua ya 5. Siri. Nani anajua, na akisema anapatwa na nini.

Hatua ya 6. Aliyeishiwa. Msimuue, mwonyesheni. Wangu anakaa barazani, kuku wanadonoa punje katikati ya vidole vyake vya miguu kama vile pale hapana mtu.

MASWALI

Kiboko_Yao: Mkuu naomba namba ya huyo mganga, kuna mtu kanidhulumu shamba.
Mwandishi: Tunatunga hadithi. Nenda baraza la ardhi.

Dogo Janja 2: Kwa hiyo saa sita mchana wote wanakuwa hawana nguvu?
Mwandishi: Hatua ya 4.
Dogo Janja 2: Ndefu sana mkuu, nifupishie.
Mwandishi: Hapana.

Mzee wa Kalamu: Unajitesa bure. Ni hadithi, nani atapima kivuli?
Mwandishi: Aliyenipima mimi. Ukisema uchawi wako unalipiwa kwa wanda, umemkabidhi msomaji rula. Ungesema unalipiwa kwa machozi, nisingechomeka fimbo.

Binti Koroboi: Shikamoo. Ndani ya pango hamna jua, wanalipa na kivuli kipi?
Mwandishi: Marahaba, dada, swali hili nililingoja. Cha taa. Kila taa inatoa kivuli chake, kwa hiyo taa tatu, vivuli vitatu, na hapo ndipo wanafunzi wanaiba: wanalipa na kile cha ziada. Ukiisogelea taa, kivuli chako ukutani kinatanuka. Kinachoamua ukali wa kingo zake ni ukubwa wa mwali: ukiwa mdogo kama wa kibatari unakata vizuri kuliko wa kuni. Ila upepo ukiingia kivuli kinacheza, kwa hiyo wanga hawakubali malipo ya kibatari karibu na mlango.

Fundi Seremala: Nyongeza. Tarehe 1 Septemba 2016 nilikuwa Rujewa jua lilipopatwa, likabaki pete. Chini ya mwembe, vile vidoa vya jua vinavyopenya majani vyote viligeuka pete. Watu wanatazama juu, mimi natazama chini.
Mwandishi: Fundi! Kila upenyo kwenye majani unachora sura ya jua lenyewe. Siku ya kawaida ni duara, hatujali.

Binti Koroboi: Na mbalamwezi je?
Mwandishi: Inatosha kulipia, ila upande unapinduka. Mwezi mpevu wa Juni unapita kusini kwetu, kwa hiyo usiku wa manane kivuli kinalala kaskazini.
Binti Koroboi: Basi aliyenyang'anywa kivuli cha kusini mchana anaweza kwenda kudai cha kaskazini usiku uleule, na wanga hawajakiandika kwenye daftari.
Mwandishi: Hiyo naiiba. Sehemu ya 31, Ijumaa.