Kushuka jabali kwa kamba tupu, kama wapandaji wa zamani

Kabla ya mikanda ya nyonga na vyuma vya kubania kamba, mpandaji alijizungushia kamba mwilini na msuguano ukawa ndiyo breki. Mtindo huu unajulikana kwa jina la Mjerumani Hans Dülfer, aliyefariki 1915. Kigoma hapa, jifunzie kwenye mteremko mdogo wa mita 4 au 5, usianzie magenge ya ziwani.

Tafuta kamba ya katani yenye unene wa milimita 12 hivi, urefu mara mbili ya jabali na mita 3 za ziada. Fumua msokoto kidogo uchungulie ndani: ukikuta vumbi jeusi au nyuzi zinazokatika kwa kucha, hiyo ni ya kufungia mbuzi. Kwenye mlima Matterhorn wa Ulaya, 1865, kamba ilikatika na watu 4 wakafa. Kamba ya plastiki ya wavuvi usiiguse kwa kazi hii; inateleza, na ikipata moto wa msuguano huyeyuka.

Chagua mti mbichi, mnene kuliko paja, uliozama ardhini. Ule ulioota kwenye ufa wa mwamba hung'oka. Pitisha kamba nyuma ya shina, chini kabisa, ncha zote mbili zifike chini, kila moja na fundo lake.

Utazame mti, kamba (pande zote mbili kwa pamoja) iwe katikati ya miguu. Ivute kutoka nyuma, izunguke nyonga ya kulia, ipande kifuani mshazari, ivuke bega la kushoto, ishuke mgongoni hadi mkono wa kulia. Huo ndio mkono wa breki. Wa kushoto unashika kamba ya mbele kwa kujisawazisha tu. Wanaoanza huukaza huu hadi unachoka, huku breki imelegea. Kusimama, leta mkono wa kulia mbele ya tumbo.

Panua miguu, wa kulia utangulie chini. Ukiuinua juu ya wa kushoto, kamba huchomoka pajani na umekwisha. Kunja gunia begani na uvae suruali nzito, maana ngozi huungua.

Mwenzako akae juu, miguu imekita kwenye jiwe, akushike kwa kamba ya pili uliyoifunga kiunoni.

Ukifika chini, fungua mafundo kwanza, ndipo uvute ncha moja. Ukisahau, fundo litanasa kwenye shina na utapanda tena kulifuata.