Kuweka modi kwenye Minecraft kwa laptopu ya GB 4 bila kupoteza dunia yako

Wadau salama? Toka treni ya SGR ianze kuleta abiria hapa Dodoma mwaka 2024, madogo wa huku Nkuhungu na wanachuo wa UDOM ninaokutana nao wanataka kitu kimoja kwenye Minecraft, reli yao wenyewe, stesheni, madaraja, mabehewa yanayopiga kona, na gemu ikiwa tupu treni hamna, kuna vile vigari vya mgodini tu. Treni inakuja na modi, yaani nyongeza ya gemu iliyotengenezwa na watu wengine, inaitwa Create, na hapo ndo kesi zinapoanza, mtu kashusha faili, kaliweka anapojua yeye, gemu inagoma kufunguka, basi anaamua kwamba modi ni za wenye laptopu za bei mbaya. Sio kweli. Laptopu ya RAM GB 4 inabeba modi, na ukianza na zile za kupunguza mzigo gemu inaenda nyepesi kuliko ilivyokuwa mwanzo.

Kitu cha kushika ni kwamba mambo matatu lazima yakubaliane, vesheni ya gemu, loda, na modi yenyewe. Loda ni ile programu inayokaa kati ya gemu na modi na kuzipakia gemu inapowaka, maana Minecraft yenyewe haijui kusoma modi. Loda maarufu ni Forge, Fabric na NeoForge, hii ya mwisho ilijitenga na Forge mwaka 2023. Modi iliyoandikwa kwa Forge haiingii Fabric, na ya Fabric ya vesheni 1.20.1 usitegemee ikubali kwenye 1.21. Karibu kila kesi ninayoletewa chanzo chake ni hapo, kwahiyo kabla hujagusa bando amua vesheni moja na loda moja, andika hata kwenye karatasi, kisha kila utakachoshusha kifuate hiyo karatasi. Mimi kwa anayeanza namwambia 1.20.1 na Fabric, kwasababu 1.20.1 ina modi nyingi mno na Fabric ni nyepesi.

Wenye simu, na ninyi wenye Minecraft ya Windows aina ya Bedrock, maelezo haya hayawahusu. Modi za mwisho wa .jar ni za Java Edition peke yake. Bedrock ina adoni zake zenye mwisho wa .mcaddon au .mcpack, unalifungua faili na gemu inaliingiza yenyewe, hakuna loda wala nini.

Sasa kazi. Funga kabisa lancha ya Minecraft, ile programu unayowashia gemu, usiiache nyuma ya dirisha, maana ikiwa wazi inaweza kufuta profaili mpya itakayotengenezwa. Nenda saiti ya Fabric yenyewe, fabricmc.net, shusha instola ya Windows, ile ya .exe, kwasababu ya .jar inataka uwe na Java, programu inayoendesha gemu, umeweka mwenyewe. Ifungue, chagua vesheni 1.20.1, acha alama ya Create profile palepale ilipo, bonyeza Install. Ikimaliza fungua lancha, chini kushoto kwenye orodha utaona profaili mpya imeandikwa fabric-loader-1.20.1. Ichague, iwashe mara moja bila modi yoyote, iache ifike kwenye menyu, alafu izime. Hapo itashusha vitu vya gemu, na hii ndo sehemu inayokula bando, inaenda kwenye mamia ya MB, kwahiyo isubirie bando la usiku. Modi zenyewe ni vidogo sana, hizi nne za mwanzo ninazokutajia hapa chini zote pamoja hazifiki hata MB 10. Java usihangaike nayo, lancha inakuja na ya kwake.

Modi za mwanzo ni Fabric API, Sodium, Lithium na FerriteCore. Fabric API ndo msingi, modi nyingi za Fabric hazisimami bila yenyewe, na ndo watu wanayoisahau kuliko zote. Sodium inabadilisha namna gemu inavyochora picha na utaona tofauti papohapo, Lithium inapunguza kazi ya prosesa, FerriteCore inapunguza RAM inayoliwa. Laptopu ya kizamani sana yenye kadi ya picha ya kale Sodium inaweza ikagoma, ikitokea itoe tu uendelee na nyingine. Na ukishaweka Sodium usiweke OptiFine, modi nyingine ya kuharakisha gemu, hizo mbili zinagombania kazi moja.

Zishushe kwenye saiti za Modrinth au CurseForge, basi. Ukigoogle jina la modi utakutana na saiti kibao zinazonakili modi za watu, zimejaa matangazo na vitufe vya uongo vya kushusha, usiende huko. Faili la .jar ni programu, likiwaka linaweza kufanya chochote programu inachofanya kwenye mashine yako. Mwezi Juni 2023 hata CurseForge wenyewe waliingiliwa, akaunti za baadhi ya watengenezaji ziliibiwa na kirusi kikaitwa fractureiser kikapandishwa ndani ya modi, kilikuwa kinaiba hadi pasiwedi na kuki za kwenye brauza. Sasa kama saiti kubwa ilipata hilo fikiria faili ulilopewa kwenye flashi na mtu usiyemjua. Kwenye Windows nenda View uweke tiki kwenye File name extensions, uone mwisho halisi wa kila faili, ukikuta modi imeandikwa sodium.jar.exe ifute bila kuifungua.

Kwenye kuweka, bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika %appdata% gonga Enter, ingia folda ya .minecraft, ndani yake tafuta folda inaitwa mods. Kama haipo itengeneze, herufi ndogo zote. Bandika mafaili humo, yenyewe kama yalivyo. Nasisitiza hili kwasababu laptopu nyingi za huku zimepita kwa fundi na fundi kaweka WinRAR, kwahiyo faili la .jar linatokea na ile picha ya vitabu vimefungwa mkanda, mtu anaona ni zipu, anaifungua, anatoa vilivyomo vyote anavimwaga kwenye mods. Gemu haitavisoma hivyo. Picha ya vitabu isikusumbue, faili ni zima, liache limefungwa vilevile. Na usilibofye mara mbili ukitegemea lijiinstoli, kazi ya kulifungua ni ya loda.

Washa gemu kwa profaili ya Fabric. Kama kuna kisichokubaliana halitakuja giza tu, Fabric inatoa dirisha inakuambia modi hazipatani na chini yake inakuandikia cha kufanya, kwa mfano Install fabric-api. Wengi wakiona Kiingereza kirefu wanafunga haraka, usifunge, soma ule mstari unaoanza na Install au Replace, jibu liko hapo. Ikizimika bila dirisha ingia .minecraft, kuna folda ya crash-reports na nyingine ya logs, ndani ya logs kuna latest.log, ifungue kwa Notepad ushuke mpaka chini utafute jina la modi lililotajwa karibu na kosa. Ndo maana nasema ongeza modi moja au mbili, washa, ona, ndo uongeze nyingine. Ukimwaga thelathini kwa mpigo na ikagoma utakesha unatafuta mchawi.

Twende kwenye treni. Create asili yake ni Forge, ila kuna toleo lililohamishiwa Fabric, kwahiyo kwenye ukurasa angalia vizuri usije ukachukua la Forge. Na kwa 1.20.1 ukiwa na Sodium ongeza modi ndogo inaitwa Indium, kwasababu Sodium ya vesheni hiyo haina njia ya uchoraji ambayo Create ya Fabric inaitegemea. Create ni nzito, kwa GB 4 shusha Render Distance, yaani umbali ambao gemu inachora, mpaka 6 au 8, funga brauza kabla hujacheza, na reli ndefu ijenge kwa vipande. RAM ya gemu iko kwenye lancha, Installations, vidoti vitatu, Edit, More Options, utakuta mstari wa JVM Arguments umeanza na -Xmx2G, maana yake gemu inaruhusiwa GB 2. Kwenye laptopu ya GB 4 iache hapohapo. Ukiandika 4G unainyima Windows pumzi na mashine nzima inaganda.

Hapohapo kwenye Edit kuna Game Directory na hii naipenda kuliko yote. Unaweza ukaipa kila profaili folda yake, tuseme D:\gemu\reli, na humo ndani ikawa na mods yake, kwahiyo modi za reli hazichanganyiki na za vesheni nyingine. Ujue tu kwamba dunia nazo, yale mazingira unayojenga ndani ya gemu, zinakaa kwenye folda hiyo mpya, ukiwasha utakuta orodha tupu na utahisi dunia zako zimepotea, hazijapotea, ziko kwenye saves ya folda ya zamani, nakili ile unayoitaka uilete.

Nakili nimesema, sio hamisha. Kabla hujaifungua dunia yako ya siku zote ukiwa na modi mpya, ichague kwenye orodha, bonyeza Edit, alafu Make Backup, zipu yake inaenda folda ya backups, weka kopi nyingine kwenye flashi. Mtu kajenga mtaa mzima wa Majengo tofali kwa tofali, soko na barabara zake, miezi na miezi, huwezi kuniambia hiyo sio mali. Modi inayoongeza vitu ukiitoa baadae vitu vyake vyote vinafutika duniani, reli yote inaondoka na hairudi hata ukiirudisha modi. Na umeme nao, ukikatika gemu inasevu, faili la level.dat linaweza kuharibika na dunia ikakataa kufunguka, hasa kwa wenye deskitopu au laptopu ambayo betri imeshakufa. Ikikutokea ingia folda ya dunia hiyo ndani ya saves, utaona level.dat_old, hiyo ni kopi ya nyuma kidogo ambayo gemu inajiwekea, nakili folda nzima pembeni kwanza, alafu futa level.dat iliyoharibika na hiyo ya old uibadilishe jina iwe level.dat.

Mkitaka kucheza wengi kwa Open to LAN, yaani kuwafungulia dunia yako wenzako mlio kwenye mtandao mmoja, kila mtu awe na Create ileile vesheni ileile, hapo njia rahisi ni mmoja kushusha na wengine kuchukua folda yake ya mods kwa flashi, mkiiskani kwanza. Sodium na FerriteCore sio lazima zifanane, hizo kila mtu anaweka kwa ajili ya mashine yake, kwahiyo mwenye laptopu ambayo Sodium imegoma asiachwe nje, aitoe pamoja na Indium, maana Indium haisimami bila Sodium, aweke zilizobaki mjenge wote.