Barua ya uhamisho usioukubali: anza na muhuri wa masjala

Barua yangu niliipokea Februari, mvua ya Tukuyu ikinyesha bila kupumzika. Nilikuwa afisa ugani katika halmashauri moja ya nyanda hizi. Mistari minne tu: ripoti kituo kipya ndani ya siku saba. Haikutaja posho wala sababu, na imesainiwa kwa niaba, bila jina la aliyesaini. Mwanangu alikuwa darasa la saba. Wiki mbili nyuma, kwenye kikao cha kata, nilikuwa nimeuliza maswali kuhusu mgao wa mbegu.

Mwenzangu, cha kwanza: usigome nyumbani. Najua moyo unavyochemka. Lakini ukikosa kazini zaidi ya siku tano bila ruhusa, hilo ni kosa la utoro linaloweza kukufukuzisha kazi, na hakuna atakayesikiliza tena habari ya uhamisho. Omba kwa maandishi usogezewe tarehe. Ukikataliwa, nenda ukaripoti, na uandike kwamba umetii huku malalamiko yako yakiendelea. Mimi nilimwachia dada yangu mtoto, nikaenda.

Kisha isome barua kwa utulivu. Mwajiri anayo mamlaka ya kukuhamisha. Ugumu wa kituo peke yake hautakushindia. Tafuta kasoro. Aliyesaini anaruhusiwa? Kuhama kituo ndani ya halmashauri ni kazi ya Mkurugenzi, lakini kuvuka kwenda halmashauri nyingine huamuliwa ngazi za juu yake. Je, umehamishwa kama adhabu, bila kushtakiwa wala kusikilizwa? Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inakupa haki ya kusikilizwa. Hoja hiyo ina uzito, ila inahitaji karatasi: muhtasari wa kikao, tarehe zinazofuatana, barua za nyuma.

Andika malalamiko kwa Mkurugenzi, kupitia kwa mkuu wako wa idara. Ukurasa mmoja unatosha. Usitukane, wala usimtaje unayemshuku kama huna ushahidi. Peleka masjala, ofisi inayopokea na kutunza barua, nakala mbili, yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Ukiambiwa "acha tu, tutaiingiza jioni", kaa kwenye benchi. Nilikaa mpaka saa nane mchana. Muhuri ule ndio ulioniokoa, kwa sababu miezi miwili baadaye nilijibiwa kwamba sikuwahi kulalamika.

Usipopata haki hapo, panda Tume ya Utumishi wa Umma, inayopokea rufaa na malalamiko ya watumishi. Rufaa ina siku 45. Mimi hata kwa malalamiko nilizihesabu hizohizo, tangu siku niliyosaini kupokea barua. Kama ni mwanachama wa TALGWU, chama cha wafanyakazi wa serikali za mitaa Tanzania, mwone katibu mapema, siku zingali nyingi.

Kukimbilia mahakamani moja kwa moja kumewaumiza wengi. Kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma, kilichoongezwa mwaka 2016, kinataka umalize kwanza njia zilizo ndani ya sheria hiyo. Ukiruka ngazi utarudishwa, na pesa ya wakili imeshakwenda. Ukizimaliza, yapo mapitio ya Mahakama Kuu, na kwa sisi wa huku ni Mbeya mjini. Unaomba kibali kwanza, ndani ya miezi sita tangu uamuzi. Uelewe kwamba mapitio hayakuchagulii kituo. Yanatengua uamuzi uliotolewa kinyume cha sheria.

Dai la posho za uhamisho liandikie barua ya peke yake. Ukilichanganya na malalamiko, litaonekana ndilo shida yako yote, na ukilipwa watasema suala limekwisha. Mimi nililipwa mwezi wa kumi na moja, na mwaka uliofuata nikarudishwa karibu na nyumbani. Siku ya kuhakikiwa dai hilo, mhasibu aliomba tiketi za Coaster na risiti ya gari la mizigo. Zilikuwa kwenye bahasha niliyotunzia ile nakala yenye muhuri, kwa dada.